Nyumba Isiyo ya Mwajiri: Safari Yetu ya Bomet na Kericho



Wengi wetu hapa Mombasa twaijua chai ya Kericho kabla ya kuijua Kericho yenyewe. Twaijua kwa maghala ya Shimanzi, kwa malori yaliyopanga foleni yakisubiri zamu ya kushusha, na kwa waume na kaka zetu waliolea watoto kwa kazi ya kupakia magunia bandarini. Mnada wa chai ulihamishwa kutoka Nairobi ukaletwa mjini mwetu mwaka 1969, na tangu hapo chai ya Kenya na ya nchi jirani huuzwa hapa kabla ya kupakiwa melini. Lakini yule aliyeichuma hatukuwahi kupeana naye mkono, wala kujiuliza alilala wapi.

Safari hii haikuwa ya kutafuta habari. Binti wa mtaa wetu, aliyeolewa Kericho katika familia ya Kinubi, alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, na arobaini yake ilikaribia. Tukafunga mizigo wanawake saba na watoto wawili, pamoja na kasha la halua, mahamri ya kutosha jeshi na kanga mpya za mzazi. Tulipanda treni ya usiku hadi Nairobi, na asubuhi tukakodi matatu ya kutupeleka kwa njia ya Narok na Bomet, ingawa ni ndefu kuliko mazoea ya wengi, kwa sababu tulikuwa na mtu wa kumchukua njiani. Habari zake zaja.

Barabara ya kuteremkia Bonde la Ufa ilijengwa na mateka wa Kitaliano wakati wa Vita Vikuu vya Pili. Kando yake pana kanisa dogo walilojijengea wenyewe, na watu huteremka kulipiga picha. Sisi tulipita. Dereva wetu, kijana wa Maai Mahiu, alitaka kutuonyesha kitu kingine huko chini: nyumba ndogo ndogo zilizopangwa kwa mistari katika nyika yenye vumbi, kila moja na tangi lake la maji ya mvua. Hivi ndivyo vijiji vya waliofukuzwa makwao baada ya uchaguzi wa Desemba 2007.

Sisi Wakenya hatukuyaita mambo yale vita. Tuliyaita machafuko. Lakini watu zaidi ya 1,100 waliuawa na mamia ya maelfu wakayahama makazi yao, na aliyechomewa nyumba hakuhitaji kuelezwa tofauti ya maneno hayo. Mwezi Mei 2008 serikali ilianzisha mpango ulioitwa Rudi Nyumbani. Familia iliahidiwa shilingi 10,000 za kuanzia maisha, na aliyebomolewa nyumba akaahidiwa 25,000. Wengi walirudi walikotoka. Wengine hawakuwa na pa kurudi, au walikuwa na pa kurudi lakini moyo ulikataa. Katika hao wa mwisho walikuwako waliopiga hesabu nyepesi: elfu kumi za mtu mmoja hazichimbi hata choo, bali elfu kumi za familia nyingi zaweza kununua shamba. Wakachanga, wakanunua ardhi Maai Mahiu, wakaigawa vipande vidogo vilivyo sawa, wakakaa humo kwenye mahema miaka kadhaa huku wakijenga kidogo kidogo. Mashirika ya misaada yalikuja baadaye na saruji, lakini ardhi ilikuwa imekwisha kununuliwa kwa fedha zao. Majina ya vijiji hivyo yajieleza: kimoja chaitwa Jikaze, na kingine Vumilia Eldoret, kwa kuwa wenyewe walitoka huko.

Mmoja wetu, ambaye alipoteza duka lake katika siku zile zile, alitaka tusimame. Tulisimama robo saa. Alinunua mboga kwa mama mmoja mlangoni pake, wakaulizana wametoka wapi, wakanyamaza kidogo, kisha wakaagana kama watu wa siku nyingi.

Baada ya Narok nchi hubadilika. Mashamba ya ngano yasiyo na mwisho huachwa nyuma, na ukishavuka Mulot waingia Bomet, wilaya iliyokatwa kutoka Kericho mwaka 1992 na leo ni kaunti. Hapo kijani huanza. Mgeni aliyeona picha za Kericho hudhani kwamba chai yote ni ya makampuni, zulia moja lililonyooka hadi upeo wa macho. Bomet si hivyo. Hapa chai nyingi ni ya wakulima wadogo. Mtu ana ekari moja au nusu yake, ana ng'ombe wawili, ana mahindi kidogo, na nyumba yake i katikati ya vyote hivyo. Majani huchumwa asubuhi, hubebwa hadi kituo cha kukusanyia, hupimwa, na lori la kiwanda huyapitia. Malipo madogo huja kila mwezi, na yale makubwa, bonasi, huja mara moja kwa mwaka. Watu wa huku hulalamika kwamba bonasi yao haifikii ya wenzao wa upande wa Mlima Kenya, na malalamiko hayo tuliyasikia mara tano kabla ya kumaliza kikombe cha kwanza.

Yule tuliyekuja kumchukua ni bibi mmoja ambaye tutamwita Kogo, kama watoto wa huko wanavyomwita nyanya. Alikuwa amemsaidia binti yetu tangu siku ya kwanza ya uzazi, kumfulia, kumkandia maji ya moto, kumshikia mtoto. Wiki hiyo alikuwa ameomba ruhusa aende kwao, nje ya mji wa Bomet upande wa Silibwet, kwa sababu zamu yake ilikuwa imefika. Zamu ya nini? Binti yetu alitujibu kwa simu kwamba tutaona wenyewe.

Tulikuta wanawake wapatao ishirini wamesimama miguu mitupu ndani ya shimo la udongo. Sketi wamezipandisha magotini, wamejifunga leso vichwani, na wanakanyaga tope lililochanganywa na nyasi zilizokatwakatwa, huku mmoja akimwaga maji kwa ndoo. Mbele yao ilisimama mifupa ya nyumba ya vyumba vitatu: nguzo za mkaratusi, fito zilizopigiliwa misumari kwa ndani na kwa nje, na paa la mabati mapya lililong'aa hata likaumiza macho. Wanaume wawili watatu walikuwako. Fundi wa paa alikuwa amekwisha kulipwa na sasa amekaa kivulini akitazama, na tuseme kweli, alikuwa akitoa maelekezo mengi kuliko yaliyohitajika.

"Chamgei," wakatuamkia. Tukaitikia kama tulivyofundishwa njiani, wakacheka kwa namna tulivyolitamka.

Ilikuwa siku ya kukandika nyumba ya Kogo.

Wale wazee miongoni mwetu hawakuweza kujizuia. Mama mmoja wa Likoni, mwenye umri wa miaka 70, alivua viatu, akalivua buibui akamkabidhi mjukuu wake, akaingia shimoni. Alisema kwamba udongo ule haukuiva bado. Na kweli haukuiva! Kwao, alipokuwa msichana, kukandika kulikuwa kazi ya mtaa mzima. Wanaume husimamisha boriti na fito, vijana husomba udongo na mawe madogo ya kujazia, wanawake hupika pilau ya wote, na jioni nyumba huwa imevaa nguo. Baadaye huja chokaa. Tofauti aliyoiona Bomet ni kwamba wanawake ndio wakandikaji, na kwamba badala ya chokaa, ukuta hupakwa mara ya mwisho kwa udongo laini uliochanganywa na samadi ya ng'ombe, ukasuguliwa kwa kiganja mpaka ukawa laini kama ubao wa kusomea. Kwa saa mbili wale wawili, mzee wa Likoni na Kogo, walikandika ukuta mmoja, huyu kwa nje na yule kwa ndani, wakisemezana kupitia matundu ya fito kabla hayajazibwa.

Kabla hatujaondoka tuliketi kwa ugali, mgagani, maziwa ya mursik na chai ya maziwa, na mweka hazina wa chama akatueleza utaratibu wao. Ni wanawake 22, wengi wamewahi kuchuma chai katika mashamba makubwa au wangali wanachuma. Kila mwezi hutoa shilingi 500, nazo huwekwa katika ushirika wa akiba na mikopo, yaani Sacco. Mbali na hizo, zamu ya mtu ikifika kila mwenzake humletea bati moja, si fedha. Kwa nini bati? Kwa sababu fedha huliwa, akasema mweka hazina, na bati halina mahali pa kupotelea.

Jambo hili si geni nchini. Katika miaka ya 1960, Nyeri na Murang'a zilipokuwa zikitoka katika miaka ya hali ya hatari, ambapo watu walilundikwa kwa nguvu katika vijiji vya kulindwa na askari, wanawake wa huko waliunda vikundi vya kuezekeana nyumba. Vilijulikana kwa jina hilo hilo, vikundi vya mabati. Nyumba ya nyasi ilivuja na ilichomeka upesi. Nyumba ya mabati ilikusanya maji ya mvua na kumpunguzia mama safari ya mtoni. Kwa hiyo lililoonekana kuwa jambo la fahari lilikuwa ni jambo la mgongo wa mwanamke.

Lakini sharti moja la chama cha Bomet lilitushughulisha kuliko yote. Hawajengei mtu bila karatasi. Zamani walijenga kwa kuaminiana. Nyumba ya tatu kujengwa ilikuwa ya mwenzao ambaye kiwanja kilikuwa cha mumewe. Mume akafariki, na haikupita eda ya kikwetu kabla ya shemeji kuja kusema kwamba nyumba imo katika ardhi ya ukoo. Mjane akatoka na watoto wake. Chama kikakutana. Asubuhi iliyofuata wanawake walikwenda wote mchana kweupe, wakapanda juu ya paa, wakang'oa mabati yao 30 moja baada ya jingine, wakayahesabu, wakayabeba vichwani. Kuta wakamwachia shemeji. Tangu siku hiyo, anayetaka kujengewa huleta hati yenye jina lake, au makubaliano ambayo mume ametia saini mbele ya wazee wa kokwet, ambalo ni baraza la ujirani kwa desturi ya Wakipsigis. Wako wanaume waliokataa kutia saini, na wake zao wangali wanachanga wakingoja.

Tulitazamana. Katika sheria yetu mali ya mwanamke ni yake, hilo twalijua tangu madrasa. Ni wangapi kati yetu wenye karatasi ya kulithibitisha?

Kutoka Bomet hadi Kericho, Kogo alikaa kiti cha mbele akiwa na udongo kwenye kucha. Tulipita Kapkatet na Litein, na kila penye mlima alituonyesha kiwanda kwa jina. Karibu na Kericho mashamba madogo yakakoma. Kijani kikawa kimoja, kimekatwa sawasawa kama kwa rula, na ndani yake vimewekwa vijiji vya vijumba vyeupe vilivyofanana. Hizo huitwa kambi. Kogo alikaa katika moja ya kambi hizo miaka 26.

Alitueleza bila uchungu, na kwa haki. Nyumba ya kampuni ilikuwa bure. Maji yalikuwako, shule ilikuwa karibu, zahanati pia, na mtu mwenye watoto sita hadharau mambo hayo. Tatizo, alisema, ni kwamba hukuihisi miaka ikipita. Kila asubuhi waamka, wavaa aproni ya plastiki kujikinga na umande, wachuma majani mawili na kichipukizi chao, wapima, walala. Wakarabati mlango wa nyumba isiyo yako. Kisha siku moja waitwa ofisini, wapewa barua na kiinua mgongo, na waambiwa urudishe ufunguo. Wako wenzake waliotoka pale wakiwa na kitanda, sufuria na kijibarua cha shukrani, wakaenda kupanga chumba katika vitongoji vya mji wa Kericho, wakiwa na miaka 60, kwa mara ya kwanza maishani wakilipa kodi.

Pana jingine alilolitaja kwa sauti ya chini kwa kuwa palikuwa na watoto garini, nasi twaliandika kwa sitara. Mahali ambapo kazi na nyumba vimo mkononi mwa mtu mmoja, mwanamke akimkatalia mtu huyo huyo neno ovu, hupoteza vyote viwili jioni moja. Mwezi Februari 2023 shirika la utangazaji la BBC lilitoa uchunguzi wake juu ya mashamba ya chai ya Kericho, ambamo wanawake zaidi ya 70 walisema walidhulumiwa na wasimamizi wao. Tuliposoma habari zile hapa Mombasa tulijiuliza kwa nini hawakuondoka. Sasa twajua kwamba swali letu lilikuwa la mtu mwenye pa kwenda.

Na mwaka 2008? Kogo ni Mkipsigis, hakuguswa. Jirani zake wa ukuta mmoja walikuwa Wakisii. Waliondoka usiku, na asubuhi sufuria yao ilikuwa ingali juu ya jiko. Wafanyakazi 218 wa shamba la kampuni ya Unilever waliwahi kuishitaki kampuni hiyo mjini London, wakidai kwamba haikuwakinga walipovamiwa katika makazi yao ya kazini. Mahakama iliwakatalia mwaka 2017, na rufani yao ikashindwa 2018 kwa hoja za nani hasa mwenye dhamana, kampuni mama ya Uingereza au binti yake ya Kenya. Jirani za Kogo hawakurudi. Anadhani wako Nyamira. Ile sufuria aliiweka miaka mitatu, kisha akaitumia.

Tukafika Kericho mvua ikinyesha, kama inavyonyesha huko karibu kila alasiri. Arobaini ilikuwa njema, alhamdulillahi, na mtoto alilala wakati wote wa maulidi. Hayo tunayapita upesi, kwani jioni mkwe wa binti yetu, mzee wa Kinubi, alitusimulia jambo lililotukalisha hadi usiku.

Alituuliza kama twajua kwamba ushirika wa kwanza mashuhuri wa kujenga makazi Kericho baada ya vita haukuwa wa maskini. Vita Vikuu vya Kwanza vilipomalizika, serikali ya kikoloni iliwagawia askari wa Kizungu mashamba zaidi ya elfu moja, na mengi yaligawiwa kwa bahati nasibu iliyochezeshwa Nairobi mwaka 1919. Kericho ilikuwa na mpango wake wa pekee. Ekari 25,000 za nchi ya Wakipsigis zilitengwa kwa ajili ya maafisa wa Kiingereza waliojeruhiwa vitani. Hao wakaunganisha mitaji yao katika Koloni la Maafisa Walemavu la Afrika Mashariki ya Kiingereza, lililojulikana kwa kifupi kama Beadoc. Walikusudia kuishi na kulima kwa pamoja. Zao lao lilikuwa kitani, ambacho bei yake ilikuwa juu sana. Mara bei ikaanguka, na kwa kuwa hawakuwa na zao la pili wala mtaji wa kungojea, koloni likaanguka nayo. Katikati ya miaka ya 1920 makampuni ya chai yakaingia, James Finlay na Brooke Bond, na zile kambi nyeupe zikazaliwa.

Sisi si watu wa kucheka walemavu wa vita, hata wakiwa wa jeshi lililotutawala. Mtu aliyepoteza mguu ana haki ya kutaka paa. Lakini vita vile vile vilipiganwa na askari wa Kiafrika, na mizigo yake ikabebwa na wapagazi wa lile jeshi la Kariakoo, ambao walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa maradhi na njaa. Pale Mombasa askari hao wana sanamu tangu miaka ya 1920. Ekari hawakupata. Wakipsigis wenyewe waliotolewa katika ardhi ile wakageuka maskwota na vibarua juu yake, na ukoo wa Talai, ambao serikali iliuogopa kwa uongozi wao, ulihamishwa kwa sheria ya mwaka 1934 hadi Gwassi, kando ya Ziwa Victoria, wakakaa uhamishoni karibu hadi uhuru. Madai yao yangali hai. Mwaka 2022 yalifikishwa katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu.

Wanubi nao, alisema mzee, walipewa jambo la katikati. Babu zao walikuwa askari wa King's African Rifles. Walipostaafu waliruhusiwa kujenga katika msitu nje ya Nairobi, mahali walipopaita Kibra, yaani msitu kwa lugha yao. Mwaka 1918 eneo hilo, ekari 4,197, lilitangazwa kuwa hifadhi ya jeshi. Walijenga nyumba wenyewe, wakaswali, wakazika. Ruhusa walikuwa nayo. Hati hawakuwa nayo, na bila hati msitu ukapungua kipande kwa kipande, hata mwaka 2017, karibu karne nzima baadaye, walipopewa hatimiliki ya jamii, ilikuwa ya ekari 288.

Hapo mama wa Likoni akasema alichokuwa akikifikiri tangu Bomet. Sisi watu wa Mombasa tuna msemo: nyumba bila ardhi. Katika Majengo, Kisauni na Likoni, maelfu ya familia zina nyumba walizozijenga kwa jasho la wazazi wao, na zaidi ya nusu karne hulipa kodi ya kiwanja kwa mwenye ardhi. Kuta zetu, mchanga wa mwenzetu. Mchumaji wa Kericho hana kuta wala mchanga. Mjane wa Bomet alikuwa na kuta na mabati, akakosa mchanga. Akauliza iwapo vyama vyetu vya wanawake, ambavyo huchanga kwa uhodari kwa ajili ya sare za harusi na vyombo vya kukodisha, vimewahi hata mara moja kukaa na kupiga hesabu ya kiwanja. Hakuna aliyejibu. Mmoja wetu, ambaye ndiye mweka hazina wa chama cha sare, aliinuka kwenda kuangalia mtoto.

Asubuhi ya kuondoka Kogo alitusindikiza hadi stendi. Njiani tulipita shamba ambamo mashine ya kuchumia ilikuwa ikifanya kazi, ikilaza majani katika mfuko wake kwa mngurumo mmoja. Mei 2023 watu wa Kericho waliandamana dhidi ya mashine hizo na baadhi yake zikachomwa moto. Zimerudi. Kogo alizitazama kwa jicho la mtu wa kazi, akasema kwamba zinachuma hadi majani makavu na vijiti, na kwamba zina faida moja: hazihitaji nyumba.

Bintiye wa mwisho yungali katika kambi, na hajui kama msimu ujao atakuwa na kazi. Kogo amekwisha kumwandikisha katika kile chama cha Silibwet. Zamu yake ni ya kumi na tisa.

Tuliporudi Mombasa tulipata picha kwa simu. Ukuta wa mbele umekauka na umepasuka nyufa nyembamba, kama ilivyo kawaida ya udongo kabla ya mkono wa pili. Madirisha bado ni matundu, yamezibwa kwa magunia, na juu ya mlango usiokuwa na ubao limening'inizwa pazia la kanga. Ni ile ya zambarau tuliyokuwa tumempelekea mzazi. Binti yetu anasema ndiye aliyempa Kogo, nasi tumemsamehe. Mama wa Likoni aliitazama picha muda mrefu, akaikuza kwa vidole viwili, akasema kona ya kushoto haikushindiliwa vizuri, na kwamba waambiwe waongeze udongo kabla ya masika.